Somo: Namna ya kumtambua kotri, kunguru wa mitini wa India

Habari zenu wanachama. Watu wetu walioko India kwa masomo au matibabu hutuma picha ya ndege mwenye mkia mrefu na kuuliza, "Huyu si tipitipi?" Siye. Huyo ni kotri, wa ukoo mmoja na kunguru wanaotusumbua jalalani. Mtazameni vizuri, anastahili.

Hatua ya 1: Sikiliza. Jina kotri limetokana na mlio wake. Ana sauti tamu ya kufuatana, kama filimbi, halafu ghafla anakwaruza vibaya. Wabengali wamempa jina lenye maana ya mkwangua chungu, na kweli ni sauti ile ile ya kijiko kikikwangua ukoko.

Hatua ya 2: Tafuta mkia. Kuanzia mdomo hadi ncha ya mkia ana sentimita 46 hadi 50, na karibu nusu yake ni mkia. Inua macho kwenye matawi, usimtafute chini.

Hatua ya 3: Soma rangi. Hapa ndipo wengi wanapokosea, hata mimi nilikosea mara ya kwanza. Tipitipi wa India ana mwili mweusi na mbawa za hudhurungi. Kotri ana kichwa cha rangi ya masizi, mwili wa rangi ya mdalasini, na kwenye bawa jeusi kuna bamba la kijivu lililopauka. Mkia ni wa kijivu, ila ncha yake nyeusi tii, kana kwamba umechovywa kwenye wino.

Hatua ya 4: Mwangalie akila. Matunda, wadudu, mijusi, mayai na makinda ya wenzake, hata mzoga. Chakula kikizidi anakificha. Katika hifadhi ya Ranthambore, Rajasthan, hutua juu ya swala wakubwa waitwao sambar na kuwadonoa kupe, na wala hawaogopi watalii: anatua ukingoni mwa gari, anainamisha kichwa, jicho lake jekundu likikukodolea.

MASWALI YA WANACHAMA

Swali: Mbona kwetu hayupo?
Kotri na jamaa zake wa karibu ni ndege wa Asia, kuanzia Pakistan na India hadi Borneo na Java. Kunguru wa Zanzibar naye asili yake ni huko, ila yeye aliletwa mwishoni mwa karne ya 19. Ukitaka kunguru mwenye mkia mrefu Afrika Mashariki, nenda Uganda: yupo mmoja mweusi, hupenda mivumo na hupanda migongo ya ng'ombe.

Swali: Nikiwa hifadhini nimpe biskuti?
Hapana, tafadhali. Najua picha ya ndege mkononi inavutia, lakini anazoea watu na kula visivyo vyake. Akitua karibu, tulia tu.

Swali: Nilimwona Kerala, kisogo cheupe kabisa. Ni mgonjwa?
Hana ugonjwa. Huyo ni ndugu yake mwenye uso mweusi, kisogo cheupe na tumbo jeupe, na duniani kote anapatikana kwenye milima ya magharibi mwa India tu. Una bahati kubwa, tuma picha!

Swali: Nina shamba la minazi. Ndege kama huyu si mharibifu?
Wahindi wengine humwita mwizi wa hela, na kweli viota vya ndege wadogo havipumziki kwake. Lakini India kusini wakulima wa minazi wana sababu ya kumpenda: hula funza wa fukusi mwekundu, yule anayetoboa shina kwa ndani mpaka mnazi unaanguka.