Namna ya kumleta mpika pombe wa Zama za Kati kwenye filamu ya makala

Usianze na "wanawake wa Zama za Kati". Anza na hati moja. Kwa Uingereza ya miaka ya 1300, chukua rekodi za mahakama ambazo makabaila waliziendesha kwenye ardhi zao: ngozi ndefu zilizoandikwa Kilatini cha mkato, zenye orodha ya waliotozwa faini ya pombe, kikao baada ya kikao. Wengi wao ni wanawake.

Hapa ni rahisi kuteleza. Msimulizi akisema tu "alitozwa faini", mtazamaji anaona mhalifu. Sheria ya karne ya 13 ilipanga bei ya pombe kufuata bei ya nafaka, na waonjaji wa kijiji waliikagua. Lakini mtu yuleyule akilipa peni chache kila kikao, mwaka hadi mwaka, hiyo ni ada ya leseni kwa jina jingine. Liseme hilo wazi. Kisha angalia majina: makarani wengine waliandika jina la mume ingawa mpikaji ni mke. Ukihesabu majina ya kike peke yake, utapata idadi pungufu. Fuatilia kaya moja kwa miaka kadhaa. Mara nyingine mke hutokea kwa jina lake baada tu ya kufiwa na mume.

Ukishampata, mwonyeshe kazini. Kimea mtazamaji wetu anakijua, usimmalizie dakika. Mweleze kwamba pombe ile ya shayiri, isiyo na hopsi (maua machungu yanayozuia bia isiharibike), iliharibika ndani ya siku chache. Familia ilipika, ikanywa, ikauza ziada kwa majirani. Bia yenye hopsi ilipoenea kutoka Flanders (sehemu ya Ubelgiji ya leo), kuanzia karibu 1400, ilidumu na kusafirishwa mbali, ikadai mtaji mkubwa, na wanawake wakasukumwa pembeni taratibu. Huo ndio uti wa mgongo wa filamu yako.

Michoro ya Luttrell Psalter, kitabu cha zaburi cha karne ya 14, ni mizuri, ila ilitengenezwa kwa ajili ya kabaila wa Lincolnshire. Mtaje huyo kabaila michoro hiyo inapotokea. Nakshi ya mbao kanisani Ludlow, mji wa Uingereza, ya muuza pombe akibebwa na shetani, inathibitisha chuki dhidi yake, haithibitishi wizi wake.

Kwenye maigizo, ondoa viazi na mahindi: vilifika Ulaya baada ya 1492. Maelezo ya msimulizi yasizidi maneno 100 kwa dakika, na mstari wa Kilatini wenye jina la mwanamke ubaki kwenye skrini sekunde 5 bila sauti ya msimulizi.