Mvinje wa nguzo: mambo yote huanzia kitaluni

Mvinje, mti unaopandwa kwa ajili ya nguzo, ni mgeni aliyezoea. Asili yake ni Asia ya kusini-mashariki, kaskazini mwa Australia na visiwa vya Pasifiki, ila pwani yetu umekaa muda mrefu hata wengi huuona wa hapahapa. Ndugu zake wengi wako Australia. Huko kuna jenasi nzima, Allocasuarina, yenye spishi zipatazo 60 ambazo kiasili hazioti kwingine duniani.

Kabla ya kununua mbegu, jua unachonunua, maana wauzaji huchanganya. Ile "sindano" ya kijani si jani bali ni kijitawi. Kivute taratibu kitaachana kwenye vifundo, na kila kifundo kina duara la meno madogo sana. Hayo meno ndiyo majani. Kwa mvinje wa pwani (Casuarina equisetifolia) utahesabu kama 7 au 8. Casuarina glauca huwa na mengi zaidi, mara nyingi kuanzia 12, nao hutoa machipukizi kutoka mizizini hadi shamba la jirani. Nyanda za juu, panda Casuarina junghuhniana, ambao ukikatwa kisiki huchipua vizuri. Wa pwani hauchipui hivyo, kwa hiyo kila ukivuna lazima upande upya. Ndiyo maana mkulima wa nguzo anahitaji kitalu chake au jirani anayemwamini.

Chuma vikoni (vitunda vinavyobeba mbegu) vinapobadilika kutoka kijani kuwa kahawia na kabla havijafunguka. Vianike juani juu ya kitambaa siku mbili au tatu, mbegu zitaanguka zenyewe. Zikusanye leo, kesho ufagie tena. Ukiziacha, sisimizi watazibeba zote. Mbegu ya mvinje ni nyepesi, ina ubawa, na kilo moja ina mbegu laki kadhaa, hivyo gramu chache zinatosha shamba dogo. Haikai: sebuleni hupoteza uhai ndani ya miezi michache. Usitegemee zaidi ya nusu kuota.

Sia kwenye mchanga mchanganyiko na udongo laini, funika kwa mchanga mwembamba usiozidi nusu sentimita, weka kivuli chepesi na nyunyiza kwa kopo lenye matundu madogo. Kuota huanza ndani ya wiki moja hadi tatu. Hapa ndipo kinyausi, ugonjwa wa kuoza shina la miche michanga, huua: miche iliyobanana, maji ya jioni, kivuli kizito. Mwagilia asubuhi, na ukiona shina limelegea usawa wa udongo, ng'oa pamoja na wenzake wa karibu kisha upunguze maji. Miche ikifika sentimita 7 au zaidi, ihamishie kwenye viriba (mifuko ya kukuzia miche).

Sasa lile ambalo wengi huliruka. Mvinje hujipatia naitrojeni kwa msaada wa bakteria aitwaye Frankia, anayekaa katika vinundu vya mizizi. Huyu si yule wa kunde na maharage. Dawa ya kuchanganya na mbegu za mikunde haitamsaidia mvinje hata kidogo. Ardhi ambayo haijawahi kuwa na mvinje huenda haina Frankia, na miche hugeuka manjano na kudumaa ingawa unaimwagilia. Fukua chini ya mti mkubwa wenye afya, karibu na uso wa ardhi, utafute vinundu vya kahawia vilivyoshikana kama matumbawe. Vioshe, vitwange, koroga kwa maji safi na umwagilie viriba siku hiyohiyo. Wengine huchanganya udongo wa chini ya mti huo, na hufanya kazi, ila huweza kuleta magonjwa pia. Usirundike urea: naitrojeni ikiwa nyingi, vinundu havijitengenezi. Fosforasi kidogo huvisaidia, hasa kwenye mchanga wa matumbawe.

Panda mvua ndefu zikishika, mche ukiwa na sentimita 30 hadi 50. Nafasi ya mita 2 kwa 2 hutoa miti kama 1,000 kwa ekari. Ukiibana hadi mita 1.5, upate karibu 1,800, nguzo hunyooka lakini hunenepa polepole. Palilia mwaka wa kwanza na wa pili, kwani nyasi huishinda miche, na moto wa nyasi hizo huua hata miti mikubwa. Mbuzi wafungwe. Udongo wa mfinyanzi unaotuamisha maji, achana nao.

Sindano zilizoanguka huoza polepole na kuzuia mimea mingine; usitarajie malisho chini yake. Kwenye machimbo ya Bamburi, Mombasa, yaliyoanza kupandwa miti mwaka 1971, mivinje ilistahimili jiwe tupu, lakini udongo ulianza kujengeka vizuri majongoo walipoletwa kuzila hizo sindano.

Nguzo ndogo huvunwa baada ya miaka minne hadi sita. Menya gome mara tu baada ya kukata, kausha kivulini kwa kuzipanga zikiinuliwa kutoka chini. Juani hupasuka ncha. Zisizotiwa dawa hushambuliwa na mchwa, kwa hiyo zitumie paani kuliko ardhini. Mabaki ni kuni kali, huwaka hata zikiwa mbichi.