Somo: Kuomba amri ya mahakama ya kukulinda na ukatili wa nyumbani (Kenya)

Kila wiki naulizwa lile lile: "Nimeripoti polisi, bado anakuja kunipiga, nifanyeje?" Naliandika hapa mara moja. Atakayeuliza tena nitamwelekeza huku.

Sheria tunayoitumia ni ile ya kulinda watu dhidi ya ukatili wa nyumbani (Protection Against Domestic Violence Act) ya mwaka 2015, na haiangalii ngumi peke yake. Vitisho, kufuatwafuatwa, kunyimwa matumizi, hata wakwe kuingilia nyumba yako, vyote vimo.

1. Ukiwa hatarini sasa hivi, toka kwanza. Piga 1195, laini ya msaada kwa wanaofanyiwa ukatili, ni bure, mchana na usiku.

2. Ripoti kituoni, uondoke na nambari ya OB, yaani ya kitabu cha matukio cha polisi. Ukitaka kuandikisha maelezo kwa askari mwanamke, omba. Ni haki yako.

3. Nenda hospitali, P3 ijazwe, yaani fomu ya polisi ambayo daktari huandika majeraha yako. Aliyebakwa aende huko kabla ya jambo lolote, asioge, na saa 72 zisimpite, kwa sababu ya dawa za kuzuia virusi vya ukimwi.

4. Hati ya kiapo, yaani maelezo yako ya maandishi kwa mahakama, uliyoyaapia. Hapa ndipo kesi nyingi hulegea. "Mume wangu hunitesa sana" haimsaidii hakimu. Andika tarehe, mahali, alichokifanya, nani aliona: "Jumapili usiku, jikoni, alinipiga kwa mwiko wa sima mbele ya mtoto wetu mkubwa, jirani akaja kugonga mlango." Anza na tukio la karibuni. Ambatisha nakala za P3 na OB. Usitie chumvi hata kidogo, maana uwongo mmoja ukigunduliwa, na ya kweli yatatiliwa shaka.

ONYO: hati hiyo, anayekutesa naye atapewa nakala. Nimeona hati iliyotaja mtaa na nyumba ya dada aliyempa mlalamishi hifadhi, na mume akafika pale jioni ileile aliyokabidhiwa karatasi. Usiandike unakolala. Tumia anwani ya wakili au ya shirika linalokusaidia, na umweleze hakimu sababu.

5. Peleka ombi mahakama ya hakimu, pamoja na hati ya dharura, inayoeleza kwa nini usikizwe haraka. Hakimu akiridhika, anaweza kutoa amri ya muda kabla mwenzio hajasikizwa.

6. Amri ikitoka, kazi haijaisha. Lazima anayekutesa akabidhiwe nakala, na aliyemkabidhi aape kwamba amefanya hivyo. USIMPELEKEE MWENYEWE. Nakala nyingine mpelekee OCS (mkuu wa kituo cha polisi) wa kituo kilicho karibu nawe, ikagongwe muhuri, ubaki na yako. Amri iliyolala kwenye mkoba, askari wa zamu hana habari nayo. Akiivunja ni jinai: faini isiyozidi shilingi 100,000 au kifungo kisichozidi miezi 12, au vyote viwili.

7. Siku ya kusikizwa usikose.

MASWALI

Mrembo wa Kisauni: Lazima niende hospitali?
Jibu: Namba 3. Soma.

Baba Salim: Nikimpa askari kitu kidogo amlaze ndani wikendi moja, si atashika adabu?
Jibu: Hapana. Hiyo ni hongo, na Jumatatu atarudi na hasira mpya, wewe huna karatasi mkononi.

Mama Tuma: Pole na kazi dadangu. Hatukuoana rasmi, ila tuna mtoto. Naruhusiwa?
Jibu: Ahsante mamangu. Ndiyo, kabisa. Sheria inawatambua waliozaa pamoja, walioachana, wachumba, na jamaa wa nyumba moja. Wanaume pia. Na kama nguo na vyeti vya mtoto vimebaki kwake, omba ndani ya ombi lilelile askari akusindikize kuvichukua. Wengi hawajui kwamba hilo linaombwa.

Binti Tanga: Huku Tanzania je?
Jibu: Nyinyi hamna sheria kama hii. Kifungu cha 66 cha Sheria ya Ndoa ya 1971 kinakataza kumpiga mwenzi, kwa hiyo anzia dawati la jinsia polisi, chukua PF3, fomu ya polisi ya kwenda nayo hospitali. Ukiwa na wakili wa huko, mwache akuongoze.

Kijana wa Likoni: Ujumbe wake wa vitisho uko WhatsApp. Skrinshoti zinatosha?
Jibu: Swali zuri. Zichapishe, nambari yake na tarehe zionekane, na uambatishe cheti cha ushahidi wa kielektroniki, kifungu cha 106B cha Sheria ya Ushahidi. Usifute mazungumzo yenyewe.

Mama Tuma: Na simu, je, kama aliwahi kuishika?
Jibu: Zima kwenye simu huduma inayoonyesha mahali ulipo (location), badilisha nywila ya barua pepe, uangalie ni vifaa gani vingine vimeunganishwa na WhatsApp yako. Ukiweza, fanya hayo leo, kabla hujaenda mahakamani.