Kabla hujatoa dipoziti ya nyumba hapa Unguja

Wengi wetu haki zetu tunaziuliza siku ya kuhama, na siku hiyo pesa ishaliwa zamani, mambo yote ya dipoziti yanatengenezwa siku ya kuingia.

Kwanza ujue nyumba ya nani. Hapa mjini nyumba nyingi za urithi, anaekupangisha ni mmoja tu kati ya warithi saba, unampa kodi ya miezi sita na dipoziti juu, mwezi wa tatu anashuka dada yake kutoka Dubai anakwambia hakujui. Kwa hiyo taka kuona hati na karatasi ya wenzake waliomuachia asimamie. Kama nyumba ya wakfu nenda Kamisheni ya Wakfu na Mali ya Amana, sio kwa jamaa alokaa barazani na funguo.

Halafu maandishi. Dalali atakwambia sisi sote Waislamu tuaminiane, haya, mwambie aya ndefu kuliko zote kwenye Qur-ani ni Baqara 282 na inasema mkikopeshana andikeni. Dipoziti iandikwe mbali na kodi, maana ikiandikwa "amepokea laki tisa" basi kesho itakuwa yote ilikuwa kodi. Muandike pia itarudi baada ya siku ngapi ukishakabidhi funguo, na itakatwa kwa lipi: kitasa ulichovunja chako, rangi iliyopauka kwa kukaa watu sio yako. Pesa ya dalali hairudi, usiihesabu.

Mimi kuna mmoja alinikata pesa kwa ukuta uliofanya ukungu, na ukungu wenyewe nimeukuta, lakini nilihamia kiangazi ukuta umepakwa chokaa mpya, masika yalipoingia tu yote yakatoka nje. Siku hizi napiga video kila chumba mpaka chooni, namtumia mwenye nyumba palepale WhatsApp ili tarehe ibaki. Mita ya umeme ya Tukuza na bili ya maji ZAWA nazo angalia kama hazina deni la mpangaji aliyetoka.

Mwenye nyumba nae ana haki zake bana, kodi kwa wakati, kuambiwa mapema unahama, na usimuingizie mtu mwengine kinyemela. Lakini kukutolea vyombo nje kwa nguvu hapana, hiyo aende mahkamani. Kabla hamjafika huko kuna sheha, yaani kiongozi wa serikali hapo mtaani, na ndo maana siku ya kutia saini bora awepo na yeye na nakala moja umuachie.