SOMO: Barua ya tuhuma imefika mezani, sasa nini? Hatua za shauri la nidhamu kwa mtumishi wa umma

Wanachama wenzangu, barua ya tuhuma ikifika, mtu huanza kujiuliza, "Nimefanya au sijafanya?" Mimi huanza na jingine: utaratibu umefuatwa? Mtumishi anaweza kuwa na kosa kweli, na adhabu yake bado ikatenguliwa kwa sababu aliyeitoa hakumsikiliza.

Ndivyo ilivyokuwa kwa Charles Ridge, mkuu wa polisi wa Brighton, Uingereza. Mwaka 1958 mahakama ilimwachia huru katika kesi ya kula njama, lakini jaji akamsema vibaya. Kamati iliyomsimamia ikamfukuza bila kumpa tuhuma wala kumwita ajitetee. Mwaka 1963 Bunge la Malodi, ambalo enzi hizo ndilo lililokuwa mahakama ya mwisho huko, lilitamka kwamba kufukuzwa kule ni batili.

Hatua ya 1: Uchunguzi wa awali. Hapa mwajiri anatafuta kama kuna jambo la kujibu. Unaweza kusimamishwa kazi wakati uchunguzi unaendelea. Hiyo peke yake si adhabu, na barua yake isiandikwe kana kwamba umeshapatikana na hatia. Mshahara wa kipindi hicho unategemea kanuni za utumishi wako, zisome mapema.

Hatua ya 2: Hati ya mashtaka. Hapa ndipo mashauri mengi hufia. Hati inayosema "umeonyesha utovu wa nidhamu na kuichafua ofisi" haijibiki. Utasema nini? Kwamba hukuichafua? Linganisha na hii: "Tarehe 12 Machi ulisaini hati ya malipo ya vifaa ambavyo havikuwa vimepokelewa ghalani, kinyume cha kanuni ya manunuzi." Hiyo ina siku, tendo na kanuni iliyovunjwa. Kipimo changu ni kimoja: mtu asiyejua lolote kuhusu ofisi yenu akiisoma, ataelewa ni kitu gani hasa unatakiwa kukikubali au kukikana? Kama haelewi, omba ufafanuzi kwa maandishi na utunze nakala yenye muhuri wa kupokelewa.

Kila kosa liwe na shtaka lake. Vielelezo navyo viambatane, au uruhusiwe kuvisoma na kuvinakili. Tena angalia jambo ambalo wengi hulipita: ukishtakiwa kwa uzembe, usije ukatiwa hatiani kwa wizi. Kilichoamuliwa kiwe kile kile ulichoulizwa.

Hatua ya 3: Utetezi wa maandishi. Usijibu usiku ule ule ukiwa na hasira. Jibu shtaka kwa shtaka, taja mashahidi wako, na kama siku ulizopewa hazitoshi, omba nyongeza kabla hazijaisha.

Hatua ya 4: Kikao. Pande zote zisikilizwe, na mtu asiwe hakimu katika shauri lake mwenyewe. Niliwahi kumsindikiza mwenzetu kwenye kikao nikakuta aliyemchunguza ndiye ameshika uenyekiti. Anauliza maswali ambayo majibu yake alishayaandika kwenye ripoti. Ushahidi utolewe mbele yako, uweze kuwauliza maswali mashahidi, na uulize mapema kama kanuni zinakuruhusu kuja na mwakilishi. Mkataba namba 158 wa Shirika la Kazi Duniani, wa mwaka 1982, katika ibara ya 7 unataka mfanyakazi apewe nafasi ya kujitetea kabla hajaachishwa kazi kwa sababu ya mwenendo wake. Si nchi zote zilizouridhia, kwa hiyo anza na sheria ya kwenu.

Hatua ya 5: Uamuzi na rufaa. Barua ya uamuzi itoe sababu. "Kamati imejiridhisha" si sababu. Ukiipokea, hesabu siku za rufaa kuanzia hapo.

MASWALI YA WANACHAMA

Karani wa masjala: *Naambiwa ushahidi uko wazi kabisa, hakuna haja ya kuniita. Ni sawa?*
Hapana, ndugu yangu. James Loudermill, mlinzi wa bodi ya elimu ya Cleveland, Marekani, alijaza fomu kwamba hajawahi kutiwa hatiani kwa kosa kubwa la jinai. Kumbukumbu zikaonyesha hukumu ya wizi ya mwaka 1968, akafukuzwa. Ushahidi gani ulio wazi kuliko huo? Lakini yeye alisema alidhani lile lilikuwa kosa dogo. Mwaka 1985 Mahakama ya Juu ilisema alistahili kuelezwa tuhuma na ushahidi, na kupewa nafasi ya kutoa maelezo yake, kabla ya kufukuzwa.

Muuguzi: *Mahakama imeniachia. Mwajiri anaweza kuendelea na nidhamu?*
Dada, hapa kanuni za nchi hutofautiana. Mahali pengi anaweza, kwa kuwa kesi ya jinai hudai uthibitisho usioacha shaka ya maana, wakati shauri la nidhamu huamuliwa kwa kuangalia tu ushahidi wa upande upi una uzito zaidi. Lakini kuna kanuni zinazozuia kukushtaki tena kwa jambo lile lile uliloachiwa. Linganisha hati ya mashtaka ya mahakamani na ile ya mwajiri mstari kwa mstari.

Mhasibu: *Mwenyekiti wa kamati ndiye bosi niliyemlalamikia mwezi uliopita. Nisusie kikao?*
Usisusie, mzee wangu. Ukikosekana bila sababu, wanaweza kuendelea bila wewe, na kwenye rufaa utaulizwa ulikuwa wapi. Andika pingamizi leo, ambatisha nakala ya lile lalamiko, omba mwenyekiti mwingine. Wakikataa, nenda, rudia pingamizi kwa mdomo kabla ya jambo lolote, na usisaini muhtasari wa kikao mpaka umeliona limeandikwa humo.