Kibarua wa halmashauri ukiambiwa "kesho usije"

Nina steshenari hapa Kabwe, Mbeya, na vibarua wengi wanaokuja kuandikiwa barua wanakuja wamechelewa. Mtu anafagia barabara tangu mwaka juzi, asubuhi moja msimamizi anamwambia jina halimo kwenye orodha. Anarudi nyumbani kusubiri, eti huenda mwezi ujao wataita tena. Usisubiri. Mgogoro wa kuachishwa kazi unapelekwa Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, CMA, ndani ya siku 30. Madai mengine, kama mishahara, ni siku 60. Ukipitiliza utajaza fomu ya kuomba uongezewe muda, na lazima uwe na sababu inayoeleweka.

Utaambiwa kibarua hana haki. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004 inamlinda dhidi ya kuachishwa isivyo halali aliyefikisha miezi 6 kwa mwajiri yuleyule, mkataba uwe mmoja au zaidi. Kwa hiyo wale wa mkataba wa miezi mitatu mitatu, jumlisheni. Notisi kwa anayelipwa kwa siku au kwa wiki, baada ya mwezi wa kwanza, ni siku 4. Kidogo, lakini idai.

Kazi kubwa ni ushahidi, na huo unakusanywa ukiwa bado kazini. Piga picha masta roli, ile orodha ya mahudhurio na malipo ya vibarua, siku ya kusaini. Meseji za malipo usizifute. Mama mmoja alinijia na daftari la hesabu la mwanawe. Kurasa za nyuma ameandika kwa kalamu ya risasi tarehe, mtaa aliofagia, hela aliyopewa na nani alimpa. Nilitoa kopi kila ukurasa. Mkataba kama haupo usikate tamaa: mwajiri ndiye anayetakiwa kukupa maelezo ya kazi kwa maandishi, na akishindwa kuyaonyesha, mzigo wa kuthibitisha masharti ya kazi unamwangukia yeye. Wewe thibitisha tu kwamba ulikuwa unamfanyia kazi.

Sasa mtego. Tangu marekebisho ya 2016, mtumishi wa umma anatakiwa amalize kwanza ngazi za rufaa za utumishi wa umma kabla ya kwenda CMA. Kama una barua ya ajira na cheki namba, yaani namba ya mtumishi kwenye mishahara ya serikali, huko ndiko kwako. Kibarua wa masta roli naye anaweza kuwekewa pingamizi kwamba ni mtumishi wa umma na hakupitia ngazi hizo, basi muone msaidizi wa kisheria au mtu wa chama cha wafanyakazi kama TALGWU wiki ileile ya kwanza.

Ukijaza fomu ya kupeleka mgogoro, CMA F.1, mwajiri andika halmashauri. Msimamizi wako siye. Nakala ipeleke masjala ya halmashauri kwanza, wagonge mhuri wa kupokea, ndipo ukafungue CMA ukiwa na nakala hiyo yenye mhuri. Mezani kwa msuluhishi mkikubaliana, kiasi na tarehe ya kulipwa viandikwe kabla hujasaini. "Tutakuita ofisini" usiikubali, hata aseme nani.