Ukiitwa ICU (wodi ya wagonjwa mahututi): uliza kwanza, ndipo uombe

Ndugu wakikupigia simu kwamba "madaktari wanataka kumzimia mashine mgonjwa wetu", usiingie wodini na Lazaro mdomoni. Mimi ni mchungaji wa Kilutheri niliyepangiwa huduma hospitalini, na nawaandikia wachungaji wenzangu, makatekista na wazee wa kanisa. Kabla ya kufungua Biblia, mwombe daktari mkae pembeni umwulize: ubongo umekufa wote, umeumia vibaya, au mgonjwa amelazwa tu kwa dawa za usingizi? Kila hali ina sala yake.

Wa dawa za usingizi ndiye rahisi. Omba uponyaji, waambie ndugu waongee naye, mwondoke.

Aliyeumia vibaya ubongo atakutoa jasho. Pengine anafumbua macho, anapumua mwenyewe, lakini haonyeshi kujua lolote. Hapo chunga ulimi. Mwaka 2006 mtafiti wa ubongo Adrian Owen na wenzake huko Uingereza walimweka kwenye mashine ya kupiga picha za ubongo mwanamke aliyedhaniwa hana fahamu kabisa, wakamwambia awaze anacheza tenisi. Ubongo wake ukaitika kama wa mtu mzima wa afya. Si kila mgonjwa yuko hivyo, lakini inatosha kukuzuia kujadili mazishi juu ya kitanda. Tena Mwanzo 1:27 haisemi mfano wa Mungu hupimwa kwa kujibu maswali. Papa Yohane Paulo II alisema mwaka 2004 kwamba kumpa mgonjwa wa namna hii chakula na maji, hata kwa mpira wa kulishia, kimsingi ni matunzo ya kawaida anayostahili. Waprotestanti wengi wanaona mpira huo nao waweza kufika mahali ukawa mzigo usio na faida. Mimi naegemea kwa Papa kwa wiki za mwanzo, kwa sababu huwa tuna haraka ya kukata tamaa na mgonjwa asiyetuitikia.

Sasa ubongo uliokufa wote, pamoja na shina lake, yaani sehemu ya chini inayoendesha kupumua. Hiki ni kifo, na ndugu hawataamini, maana kifua kinapanda na mwili una joto. Eleza taratibu: moyo una chanzo chake cha mapigo, haungoji amri ya ubongo, hivyo unaweza kuendelea kudunda mashine inaposukuma hewa. Mwulize daktari alivyothibitisha. Alihakikisha kwanza kwamba si baridi ya mwili wala dawa zilizobaki kwenye damu? Mboni zilimulikwa? Maji ya baridi yalitiwa masikioni? Na kile kipimo kikubwa: mgonjwa anapewa oksijeni, mashine inaacha kumpumulia, hewa chafu inaachwa ipande kwenye damu mpaka kiwango ambacho shina la ubongo lililo hai lisingevumilia bila kuvuta pumzi. Hospitali ikikubali, ndugu wawili washuhudie. Waliosimama pale wakatazama kifua kisichonyanyuka huwa hawana haja ya hotuba yangu. Mwanzo 2:7 wanaikumbuka wenyewe.

Jiandae na vidole. Mama mmoja alinivuta mkono: "Mchungaji, amenishika! Angalia!" Kweli, vidole vya mwanawe vilikuwa vimejikunja juu ya kiganja chake, polepole, kisha vikalegea. Uti wa mgongo unaweza kufanya hivyo bila ubongo. Usimwambie mama wa namna hiyo anaota, maana ameona kitu cha kweli. Mwite daktari aeleze palepale, wewe baki umemshika bega.

Wakristo hatujakubaliana wote hapa, usijifanye kwamba tumekubaliana. Kipimo cha kifo cha ubongo kilianza kuenea baada ya kamati ya Chuo Kikuu cha Harvard, Marekani, kukiandika mwaka 1968. Yohane Paulo II alikikubali mwaka 2000 mbele ya madaktari wa upandikizaji wa viungo. Lakini daktari Mkatoliki wa Marekani, Alan Shewmon, alichapisha mwaka 1998 habari za miili iliyoendelea kwa majuma, hata miaka, baada ya madaktari kuamua ubongo umekufa, akauliza kama kweli huo mwili umekufa. Swali lake naliheshimu. Kando ya kitanda lakini nashika neno la Papa Pius XII, aliyewaambia madaktari wa usingizi mwaka 1957 kwamba kutambua kifo ni kazi yao.

Hotuba hiyohiyo ndiyo ninayoitegemea kwenye jambo ambalo ndugu hulinong'ona korido: pesa. Pius alifundisha kwamba wajibu wetu ni kutumia njia za kawaida za kutunza uhai, zisizo mzigo mzito kupita kiasi kwa mgonjwa au kwa wengine. Kwa hiyo familia iliyouza shamba na bado inadaiwa, ikakubali mashine isiyomsaidia tena mgonjwa iondolewe, haijaua mtu. Liseme kwa sauti, tena mbele ya yule baba mdogo anayepiga kelele kwamba "mmemuua kwa ubahili". Ila pima: kama mashine bado inaweza kumrudisha mgonjwa na tatizo ni bili tu, wewe huna ruhusa ya kuipaka dhambi ya umaskini mafuta ya teolojia. Nenda ofisi ya ustawi wa jamii ya hospitali kabla ya sala ya jioni, kisha kwa mhazini wa usharika.

Siku ya kuondoa mashine, waambie ndugu mapema kwamba moyo unaweza kudunda dakika kadhaa baada ya hapo. Mwombe nesi azime sauti ya kengele. Kwa Wakatoliki, padri aitwe mapema, maana mpako wa wagonjwa ni wa walio hai. Sisi wengine tunasoma Warumi 14:8, na kama familia ni ya kuimba, waachie waanzishe wao.